Suluhu ya Nyumbani na Kesi ya Mahakamani



Sisi tuandikao barua za chama tumeombwa tuseme machache juu ya kesi za mume na mke. Twaanza kwa kukiri kosa letu. Mwanachama mmoja alishtakiwa kwa kumpiga mkewe kofi. Wazee waliwaita, wakawapatanisha, nasi tukashangilia. Siku ya kesi hawakwenda, wala sisi hatukuwakumbusha. Hakimu akatoa hati ya kukamatwa, na yule bwana akachukuliwa kazini kwake mbele ya wenzake.

Kumbe kesi ya jinai si ya mke peke yake. Aliyeshtaki ni Jamhuri, na mke ni mlalamikaji na shahidi. Kwa hiyo wazee waweza kumaliza ugomvi, lakini kesi humalizwa na mahakama.

Hata hivyo sheria haikuidharau suluhu. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 159, yaziagiza mahakama kukuza upatanisho na njia za jadi za kuamua magomvi. Nayo Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai, kifungu cha 176, yampa hakimu uwezo wa kuhimiza mapatano katika shambulio la kawaida, au kosa jingine la watu binafsi lisilofikia daraja la makosa makubwa wala kuzidishwa na ukali. Akiyakubali masharti, kama vile fidia, aweza kuamuru mashtaka yasimame au yakome.

Basi, wazee wetu, yafaa tushike mambo matatu. Kwanza, mapatano yaandikwe, yatiwe sahihi na wote wawili, kisha yapelekwe kwa kiongozi wa mashtaka na kwa hakimu. Pili, wote wawili wafike mahakamani siku iliyotajwa, hata wakiwa wamekwisha kulala chini ya paa moja. Tatu, na hili ndilo zito, mke aulizwe peke yake, mbali na mume na mashemeji, kama amesamehe kwa hiari. Hakimu naye aweza kumwuliza. Mke aliyenyamazishwa hakupatanishwa.

Tena yako mambo yasiyo ya baraza letu. Mkono uliovunjwa, jeraha la panga, au mtoto aliyeharibiwa, hayo hayafutwi kwa mbuzi. Katiba hiyohiyo yakataza njia za jadi zivunjazo haki za mtu. Na tangu mwaka 2015 iko sheria ya kuwakinga watu na jeuri ya nyumbani, ambayo kwayo mahakama yaweza kumpa aliyeumizwa amri ya ulinzi.

Wazee wetu, kazi yenu ya kupatanisha ni ya thamani, nasi hatutaki ikome. Twaomba tu isiishie barazani, bali ifike mpaka mezani pa hakimu, na ianze kwa kumsikiliza aliyeumia.