Gharama Halisi ya Nyumba ya Mkopo
Mazungumzo kwa watumishi wa Serikali na walimu wa Mpanda



Mtumishi anayepangiwa kazi Mpanda hufika na mizigo yake michache, hupanga vyumba Makanyagio, Kawajense au Nsemulwa, na haupiti muda mrefu kabla ya kuanza kuulizwa na jamaa zake, na kujiuliza mwenyewe, atajenga lini. Swali hilo ni la haki. Nyumba ni hifadhi ya familia na heshima ya mzee anayestaafu. Lakini liko swali jingine ambalo lapasa kutangulia, nalo halisikiki mara nyingi: siku deni litakapokwisha, nyumba hiyo itakuwa imegharimu shilingi ngapi kwa jumla?

Mkopaji anapofika mbele ya meza ya benki hutajiwa mambo matatu: kiasi cha mkopo, kiwango cha riba, na makato ya kila mwezi. Aghalabu jicho lake hutua juu ya hilo la tatu. Akiona makato yanabebeka, hutia saini na kwenda zake kwa furaha. Wazee walikwisha kusema kwamba kukopa harusi, kulipa matanga. Hata hivyo matanga ya rehani ya nyumba yana tabia yake ya pekee: hayaji siku moja, huja kidogo kidogo kwa miaka 15 au 20, na kwa sababu hiyo wengi hawayatambui mpaka yamekwisha kuwala.

Na uchukuliwe mfano wa kufundishia, ambao haukutolewa katika mkataba wa benki yoyote. Taarifa za soko la mikopo ya nyumba nchini zilionyesha kwamba riba, ambayo mwaka 2010 ilikuwa kati ya asilimia 22 na 24 kwa mwaka, ilishuka baadaye na kufikia kati ya asilimia 15 na 19. Basi achukuliwe mwalimu aliyekopa shilingi 30,000,000 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, inayokokotolewa juu ya deni linalobaki, kwa muda wa miaka 15. Makato yake yatakuwa shilingi 440,610 kila mwezi. Miezi 180 ikitimia, atakuwa ametoa shilingi 79,309,800. Katika hizo, milioni 30 ndizo alizopewa; zaidi ya milioni 49 ni riba.

Jambo linaloshangaza zaidi ni mpangilio wa malipo hayo. Katika mwezi wa kwanza, riba peke yake ni shilingi 400,000. Kwa hiyo katika zile 440,610 zilizokatwa, deni lenyewe limepungua kwa shilingi 40,610 tu. Mwezi wa pili hali ni karibu ile ile. Baada ya miaka 5 mwalimu huyu atakuwa amelipa shilingi 26,436,600, na akienda kuuliza salio lake ataambiwa kwamba bado anadaiwa shilingi 26,303,000 hivi. Hapo wengi hudhani wameibiwa, na wengine hufika mahali pa kugombana na karani asiye na kosa. La hasha, hakuna aliyeibiwa. Ndivyo hesabu ya riba inavyokwenda: deni likiwa kubwa, riba hula sehemu kubwa ya rejesho, deni likipungua, riba nayo hupungua. Bandu bandu huisha gogo, lakini katika miaka ya mwanzo shoka la mkopaji huangukia zaidi maganda kuliko gogo lenyewe.

Kutokana na hesabu hiyo hutokea funzo kubwa kupita yote: kinachoifanya nyumba kuwa ghali ni urefu wa muda, pamoja na ukubwa wa riba. Mkopo ule ule wa shilingi milioni 30, kwa riba ile ile, ukilipwa kwa miaka 20 makato yake ni shilingi 417,377 kwa mwezi. Mkopaji ataona nafuu ya shilingi 23,000 na kidogo, naye atafurahi. Lakini jumla ya malipo yake itafika shilingi 100,170,480. Kwa nafuu ile ya kila mwezi, ambayo haitoshi hata mahitaji ya nyumbani ya siku chache, ameongeza karibu shilingi milioni 21 juu ya gharama ya nyumba yake. Kinyume chake, akilipa kwa miaka 10, makato ni shilingi 502,539 na jumla ni shilingi 60,304,680. Anayeweza kuongeza shilingi 62,000 hivi kila mwezi juu ya rejesho la miaka 15 hupunguza miaka 5 ya deni, na huokoa shilingi milioni 19. Fedha hizo ni karo za watoto, au ni nyumba ya pili.

Yafaa pia ieleweke kwamba neno "asilimia" halina maana moja kila mahali. Wako wakopeshaji wanaotoza riba juu ya mkopo wote wa awali mpaka mwisho, hata kama nusu yake imekwisha kulipwa. Mtumishi akikopa shilingi milioni 10 kwa miaka 5 kwa riba ya namna hiyo ya asilimia 10, atatozwa riba ya milioni 1 kila mwaka, na kurejesha milioni 15. Akilinganisha na mkopo ambao riba yake hufuata salio, ataona kwamba asilimia 10 hiyo ni sawa na asilimia 17 na ziada. Mwenye kulinganisha tarakimu bila kuuliza namna ya ukokotoaji anaweza kukimbia mkopo wa asilimia 16 na kujitumbukiza katika ule wa asilimia 10, akidhani amepata, kumbe amepatikana.

Juu ya riba ziko gharama nyingine: ada ya kuandaa mkopo, malipo ya mthamini, gharama za mwanasheria na usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba. Kila moja huonekana ndogo ikisimama peke yake. Ada ya asilimia 2 katika mkopo wa milioni 30 ni shilingi 600,000, nazo mara nyingi hukatwa kabla mkopaji hajapokea chochote, ilhali riba hutozwa juu ya milioni 30 kamili. Tena mikataba mingi humruhusu mkopeshaji kubadili riba. Katika mfano ule wa miaka 15, kama riba ingekuwa asilimia 18 badala ya 16, rejesho lingekuwa shilingi 483,126, yaani nyongeza ya zaidi ya shilingi 42,000 kila mwezi. Mshahara wa mtumishi haupandi kwa sababu riba imepanda.

Wako watakaosema kwamba wazee wao walikopa na hawakuumia. Maneno hayo yana ukweli wake, lakini yatazamwe pamoja na historia. Benki ya Nyumba Tanzania iliundwa kwa sheria ya mwaka 1972 ili kuwakopesha wananchi fedha za kujenga. Katika miaka ya 1980 mfumuko wa bei ulikaribia asilimia 30 kwa mwaka katika miaka mingi, ilhali riba za mikopo zilikuwa chini ya hapo. Mkopaji wa wakati ule alirejesha shilingi ambazo thamani yake ilikuwa imekwisha kuyeyuka. Kwa kweli benki ndiyo iliyokuwa ikila hasara. Pamoja na mikopo mingi isiyorejeshwa, mzigo huo uliishinda benki, nayo ikafungwa mwaka 1995. Kwa zaidi ya miaka kumi baada ya hapo mikopo ya nyumba ilikuwa adimu, mpaka ilipotungwa sheria maalumu ya mikopo ya rehani ya mwaka 2008, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya TMRC ya kuyapatia mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo hiyo. Hali ya fedha nayo imegeuka. Tangu mwaka 2018 hadi 2024 mfumuko wa bei ulikuwa chini ya asilimia 5 kwa mwaka. Shilingi inayorejeshwa leo ina uzito karibu sawa na ile iliyokopwa, na riba ya asilimia 16 humwangukia mkopaji karibu yote. Uzoefu wa wazee haufai kunakiliwa bila kutazama kalenda.

Hapa Mpanda liko jambo jingine. Benki haipokei rehani ya kiwanja kisichopimwa wala kuwa na hati, na watumishi wengi wamenunua viwanja kwa maandishi ya mtaani tu. Kwa sababu hiyo wengi hujenga kwa mkopo wa mshahara: mkopo wa kwanza hununua kiwanja na tofali, wa pili huezeka, wa tatu hutia milango na madirisha. Njia hii nayo ina gharama yake ya siri. Kila mara mkopo unapoongezwa kabla ya kwisha, muda huanza upya, na mkopaji hurudi kwenye ile miezi ya mwanzo ambayo riba hula sehemu kubwa. Mtumishi anaweza kukatwa kwa miaka 15 mfululizo, katika mikopo mitano isiyokwisha, bila kujua kamwe nyumba yake imemgharimu kiasi gani, kwa kuwa hakuna karatasi moja iliyoandikwa jumla yake. Kupima kiwanja na kupata hati mapema ni gharama, lakini hati humpa mwenye nayo uwezo wa kuchagua mkopo.

Utaratibu wa utumishi unataka mtumishi abakiwe na angalau theluthi moja ya mshahara wake baada ya makato. Kanuni hiyo ni njema, ila wengi wameigeuza kuwa lengo. Theluthi ni sakafu ya kumzuia mtu asianguke zaidi. Anayeishi juu yake kwa miaka 15 hana nafasi ya ugonjwa, ya msiba, wala ya mtoto aliyefaulu kwenda chuo. Huyo ndiye anayelazimika kukopa mitaani kwa riba ya mwezi, na hapo ndipo nyumba huanza kujengwa kwa mkono mmoja na kubomolewa kwa mwingine.

Umri nao ni sehemu ya hesabu. Mtumishi wa miaka 48 anayechukua mkopo ule wa miaka 15 atafika umri wa kustaafu kwa lazima, yaani miaka 60, akiwa bado anadaiwa zaidi ya shilingi milioni 12.5. Anayetegemea kulifuta deni hilo kwa kiinua mgongo akumbuke kwamba kanuni za kukokotoa mafao zimebadilishwa zaidi ya mara moja tangu mwaka 2018. Haifai kuahidi leo fedha ambazo kiasi chake kitajulikana miaka 12 ijayo.

Wala thamani ya nyumba haipandi daima. Mji huu unayo kumbukumbu yake. Reli kutoka Kaliua ililetwa mwishoni mwa miaka ya 1940 kwa ajili ya mgodi wa risasi wa Uruwira, na mgodi ulipofungwa mwaka 1960, shughuli zilizoujaza mji zilipungua. Kuanzishwa kwa Mkoa wa Katavi mwaka 2012 kumeleta ofisi, watu na mahitaji ya nyumba. Huo ni mwelekeo mwema. Lakini mkopo wa miaka 15 ni ahadi isiyobadilika juu ya mji unaoweza kubadilika, tena imewekwa na mtumishi anayeweza kupata barua ya uhamisho wakati wowote.

Maneno haya yasichukuliwe kuwa ni katazo la kukopa. Kodi ya nyumba nayo ni fedha isiyorudi, na familia haiwezi kungoja miaka 20 ya akiba ndipo ipate paa. Kinachotakiwa ni kukopa kwa macho mawili. Kabla ya kutia saini, mkopaji adai jedwali lote la marejesho, mwezi kwa mwezi, lenye jumla ya shilingi atakazokuwa ametoa. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kuwalinda watumiaji wa huduma za fedha zinataka masharti na gharama zielezwe waziwazi, kwa hiyo kuuliza si ukorofi. Aulize riba yakokotolewaje, yaweza kubadilishwa na nani, na akilipa zaidi kabla ya wakati, fedha hizo zitapunguza deni la msingi au zitatozwa adhabu. Achague muda mfupi kupita yote ambao mshahara wake waweza kuubeba bila kuigusa ile theluthi. Malimbikizo ya mshahara au fedha za mavuno zikipatikana, zipelekwe kwenye deni katika miaka ya mwanzo, kwani shilingi iliyolipwa mapema hukata riba ya miaka yote iliyobaki.

Mwisho, hesabu hiyo ifanywe na watu wawili. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka ridhaa ya mwenzi wa ndoa kabla ya nyumba ya familia kuwekwa rehani. Sheria haikuweka sharti hilo ili karani apate saini ya pili. Imeliweka kwa sababu siku deni likishindikana, anayetolewa nje ni mume, mke na watoto pamoja. Saini hiyo itangulizwe na jioni moja ya kukaa mezani nyumbani, kwa kalamu na karatasi, mpaka jumla yote iandikwe na kila mmoja aione. Dawa ya deni ni kulipa, lakini dawa hiyo huwa chungu kidogo kwa yule aliyeijua bei yake kabla ya kuinywa.