Kusafiri Katika Wakati: Sheria Tulizo Nazo Mpakani



Muhula uliopita niliwataka wanafunzi wangu watunge sheria za nchi ya kubuni, ambako raia huenda jana na kurudi. Karibu wote walianza na marufuku: usimguse babu yako, usitengue lililokwisha kutendeka. Wachache waligundua kwamba sheria za namna hiyo tunazo, na zimepigwa chapa.

Wala safari ya kwenda jana si ndoto. Busia zetu mbili, ya Uganda na ya Kenya, zina saa moja, ndiyo, lakini dereva wa lori anayepitia hapa kwenda Juba akivuka Elegu, ukingoni mwa Uganda, saa nne asubuhi, saa ya Nimule, ng'ambo ya Sudan Kusini, humwambia bado ni saa tatu. Serikali iliamua tu: saa sita usiku wa kuamkia 1 Februari 2021, Sudan Kusini ilirudi saa tano ya 31 Januari.

Kwenye jinai, safari ya kurudi imekatazwa. Katiba ya Uganda ya 1995, Ibara ya 28(7), hairuhusu mtu kushtakiwa kwa tendo ambalo halikuwa kosa siku alipolitenda. Ya Kenya ya 2010, Ibara ya 50, inasema karibu hayo hayo. Bunge likiamua leo kwamba kuvusha gunia la mahindi kwa bodaboda (jina lililozaliwa papa hapa mpakani) ni jinai, aliyevusha mwaka jana alale usingizi wake.

Tukifika kwenye uraia, Katiba ile ile ya Uganda inatufungasha virago. Mchukueni mama wa Masafu, Msamia, aliyezaliwa hapa na kuolewa hapa. Ibara ya 10 haitosheki na siku aliyozaliwa. Inauliza kama mzazi wake, au bibi au babu yake, ni wa jamii iliyokuwa ikiishi ndani ya mipaka ya Uganda tarehe 1 Februari 1926. Jumatatu ile mama huyu hakuwapo. Huenda hata aliyemzaa hakuwapo. Inambidi aifikie kwa mgongo wa bibi yake. Bahati yake, Jedwali la Tatu, lenye orodha ya jamii hizo, limewataja Basamia, kama lilivyowataja Bagwe na Iteso. Ambaye jamii yake haikutajwa hana mgongo wa kupanda.

Na siku yenyewe aliichagua nani? Si wazee wa Masafu. Ndiyo siku ilipoanza kutumika amri ya London kuhusu mpaka wa Kenya na Uganda. Tungerudi nyuma zaidi, mpaka Machi 1902, Kisumu yenyewe ingekuwa Uganda, kwa maana Mkoa wa Mashariki wa Uganda ulihamishiwa Himaya ya Afrika Mashariki, Kenya ya leo, tarehe 1 Aprili mwaka ule. Msamia wa Funyula, upande wa Kenya, alilala Uganda akaamka ng'ambo, na hakubeba hata jembe.

Mimi naona hapa Katiba imejikanganya: inamlinda mshtakiwa asirudishwe jana, kisha inamrudisha mwananchi asiye na kosa hadi siku aliyoichagua mkoloni. Ibara ya 10 irekebishwe, kuzaliwa na kukulia hapa kupewe uzito wake.

Kwa sasa, wanafunzi, likizo ikianza nendeni Masafu, Lumino na Funyula na madaftari yenu. Waulizeni wazee nani alilima wapi, na nani alitoka ng'ambo ipi kuja kuolewa. Waliouona mwaka 1926 karibu wote wamekwisha. Waliosimuliwa nao bado wapo.