Haki ya Aliyelemazwa Barabarani Haikomi Mpakani

Kila siku malori, mabasi na magari madogo huvuka mpaka kati ya Tanzania na nchi jirani katika vituo vya Namanga, Holili, Tunduma, Mutukula na Rusumo. Magari hayo ndiyo yanayozipatia nchi hizi nafaka, mafuta na bidhaa za viwandani. Lakini ajali za magari hayo hayo huacha nyuma watu waliokatwa miguu, waliovunjika uti wa mgongo au waliopofuka. Mara nyingi dereva aliyehusika huwa amekwisha kurejea kwao. Swali linalozuka ni hili: mtu aliyelemazwa na gari la nchi ya jirani atamdai nani fidia yake?

Jibu la swali hilo lilipatikana Addis Ababa mwaka 1986, nchi za Mashariki na Kusini mwa Afrika zilipotia saini mkataba wa bima ya magari ijulikanayo kama Kadi ya Njano. Mpango huo ulianza kazi mwaka 1987, na leo uko chini ya Jumuiya ya COMESA. Tanzania ilijitoa katika jumuiya hiyo mwaka 2000, lakini imebaki katika mpango wa Kadi ya Njano pamoja na Kenya, Uganda, Rwanda, Burundi, Zambia na Malawi.

Utaratibu wenyewe ni rahisi kuueleza. Chukua mfano wa lori la Tanzania linalomgonga mkulima karibu na Taveta, na mkulima huyo akapoteza mguu. Mkulima huyo halazimiki kuvuka mpaka kwenda kuitafuta kampuni ya bima ya lori hilo. Dai lake hushughulikiwa huko huko Kenya, ambako ofisi ya taifa ya mpango huo ni Shirika la Bima Mtawanyo la Kenya. Kisha fedha zilizolipwa hurejeshwa na upande uliotoa kadi. Vivyo hivyo, gari la Kenya likimlemaza mtu Tanzania, ofisi inayohusika ni Shirika la Bima la Taifa.

Hata hivyo, fidia hupimwa kwa sheria ya nchi ilikotokea ajali, na sheria hizo hazilingani. Nchini Kenya, mahakama huzingatia maumivu, gharama za matibabu ya baadaye, kipato kilichopotea, na kiwango cha ulemavu alichokithibitisha daktari. Bima ya lazima hulipa mpaka shilingi milioni 3 za Kenya kwa mtu mmoja. Hukumu ikizidi hapo, kinachobaki hudaiwa mwenye gari. Kesi yenyewe sharti ifunguliwe katika muda wa miaka 3. Nchini Uganda, sheria ya mwaka 1989 iliweka kikomo cha shilingi milioni 1 za Uganda kwa mtu mmoja. Tangu wakati huo thamani ya fedha imeshuka sana, na kiasi hicho hakiwezi kumtunza mtu asiyeweza tena kushika jembe.

Lakini hata sheria iliyo bora haimsaidii aliyelemazwa kama hakuna ushahidi. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Askari anayefika kwanza penye ajali ndiye mwenye daftari hilo. Mchoro wake wa mahali pa ajali, vipimo vya alama za matairi, namba ya gari na ya tela lake, majina ya mashahidi, na namba ya Kadi ya Njano pamoja na tarehe ya mwisho wa kadi hiyo, ndivyo vitakavyosomwa mahakamani. Kadi isipoandikwa kabla ya lori kuruhusiwa kuondoka, huenda isionekane tena.

Aidha, liko jambo moja la kuonya. Majeruhi wengi hushawishiwa kumalizana na mwenye gari kando ya barabara kwa fedha kidogo, hali jeraha bado ni bichi. Ulemavu wa kudumu haujulikani siku ya ajali. Huthibitishwa na daktari baada ya matibabu. Askari anayekubali mapatano ya namna hiyo yaizime kesi, hata kama nia yake ni njema, humsaidia mwenye gari na kumwacha aliyeumia akiwa mzigo kwa ndugu zake maisha yake yote.

Wanajeshi nao, wawapo safarini au katika ulinzi wa mpaka, huenda wakafika kwenye ajali kabla ya polisi. Baada ya kuokoa maisha, wajibu wao ni kulinda mahali pa ajali ili alama zisifutwe, na kuhakikisha kwamba gari haliondoki.

Ujirani mwema haupimwi kwa mikutano ya viongozi peke yake. Hupimwa pia kwa askari mmoja aliyeinama barabarani usiku, akiandika kwa uaminifu namba ya kadi, ili mgeni asiyemfahamu apate haki yake.