KUWAFUNZA VIJANA MAMBO YA KUBALEHE
(Maneno yaliyosomwa mbele ya Wazee na Wanachama, Namanga)



Tumeombwa kunena juu ya jambo ambalo wengi wetu huliona haya. Zamani binti alifunzwa na nyanya yake, na mvulana alifunzwa na rika lililomtangulia. Siku hizi nyanya yuko Ilbissil na mjukuu analala bwenini Kitengela, wala hakuna aliyeishika nafasi ile ila simu na maneno ya wenzake. Na hapa mpakani, malori yanapongoja zamu, wapo watu walio tayari kumfunza binti huyo wapendavyo wao.

Basi yafaa tuseme wazi. Damu ya kwanza yaweza kumjia binti angali na miaka 10. Ni dalili kwamba mwili umeanza kukua, si kwamba umekwisha kukua. Nyonga zake bado ni nyembamba. Akizaa mapema huenda akakaa na uchungu siku mbili tatu, mtoto akafa, naye akabaki na fistula. Sisi tu wafugaji. Nani kati yetu hufurahi mtamba mchanga akipandwa kabla ya wakati? Kwa ng'ombe tuna subira.

Mvulana naye hushtuka manii yakimtoka usingizini, akadhani ni mgonjwa. Aambiwe kuwa ni hali ya kawaida. Aambiwe pia kwamba kutahiriwa hakumpi ruhusa juu ya binti wa mtu, na binti akikataa, amekataa.

Kuhusu sheria hatutasema mengi. Kenya ilipiga marufuku ukeketaji mwaka 2011, na sheria ya ndoa ya 2014 yataka miaka 18. Wako wanaodhani kuvuka mpaka ni kuokoka. Sheria ile ya 2011 humshika hata anayemvusha binti. Huko Tanzania nako, Mahakama ya Rufani ilithibitisha mwaka 2019 kwamba kumwoza binti chini ya miaka 18 ni kinyume cha Katiba.

Tangu sheria ya 2017 wasichana wa shule za serikali wana haki ya kupewa sodo bure, lakini wako wanaozipokea bila kuelezwa neno.

Kwa hiyo twaomba kila kata itoe kina mama wawili na wazee wawili, waende shuleni kabla ya likizo ya Novemba na Disemba, maana ndipo sherehe nyingi hufanywa. Majina yapokewe na Mwandishi leo, kabla hatujatawanyika.