Sponji wa Miura na Nusu ya Molekuli



Mnyama ninayemzungumzia jioni hii, wengi wenu mkimkuta ufukweni mtamkanyaga mkidhani ni utelezi juu ya jiwe. Jina lake la kisayansi ni Halichondria okadai. Ni sponji mweusi-mweusi wa miamba ya pwani ya Japani. Hana mdomo, hana tumbo, hana neva hata moja. Maji huingia kwa matundu madogo yaliyotapakaa mwilini, yakisukumwa na seli zenye mkia mmoja unaochapa bila kupumzika, kisha hutoka kwa matundu makubwa yaliyo juu. Humo njiani bakteria na chembechembe za chakula hunaswa. Mifupa yake, kama tutakubali kuiita hivyo, ni vijiti vidogo vya silika.

Kiumbe wa namna hii hakimbii wala hang'ati. Samaki akija kumtafuna, yupo. Jirani akitaka kumpora nafasi kwenye jiwe, yupo palepale. Sponji wengi hujilinda kwa sumu, na sumu ndiyo iliyowavuta wanakemia.

Ya kwanza kupata umaarufu ni asidi ya okadaiki, iliyoelezwa mwaka 1981 na kupewa jina la sponji huyu. Baadaye ikabainika kwamba inatengenezwa na viumbe vya seli moja kama Prorocentrum lima, wala si na sponji mwenyewe. Asidi hiyohiyo huwaharisha watu wanaokula kome waliochuja viumbe hivyo. Leo maabara huitumia kuzuia vimeng'enya vinavyoondoa fosfati kwenye protini. Sitakaa hapo, kwa sababu kisa kikubwa kiko kwingine.

Wanakemia wa Kijapani Yoshimasa Hirata na Daisuke Uemura walikusanya kilo 600 za sponji huyu kutoka rasi ya Miura, kusini mwa Tokyo. Mwaka 1986 walitangaza familia ya molekuli walizoziita halichondrini, na mojawapo, halichondrini B, iliua seli za saratani kwa kiasi kidogo mno. Katika kilo zote 600 walipata miligramu 12.5 za halichondrini B. Wanafunzi, pigeni hesabu: miligramu moja kwa kilo 48. Gramu moja ni tani 48 za sponji!

Najua kuna atakayeuliza kwa nini wasilimwe. Swali ni zuri, hasa kwetu, maana Jambiani, Unguja, wanawake wanalima sponji wa kuogea: wanakata vipande, wanavitunga kwenye kamba baharini, na kila kipande kinakua kuwa sponji kamili. New Zealand walijaribu njia hiyo kwa sponji mwingine, Lissodendoryx, anayeishi kwenye maji ya kina karibu na Kaikōura na aliyeonekana kuwa na halichondrini nyingi zaidi. Alikubali kulimwa. Lakini tani nzima iliyovuliwa kule ilitoa takribani miligramu 300 tu. Kwa mavuno hayo hakuna shamba la kamba ambalo lingeweza kulisha hospitali za dunia.

Hapo ndipo kemia ilipolazimika kufikiri. Halichondrini B ina atomi 60 za kaboni, na 32 kati yake zinaweza kukaa kwa mkao wa kulia au wa kushoto. Mikao inayowezekana inapita bilioni nne, na asili imechagua mmoja. Mwaka 1992 Yoshito Kishi na wenzake wa Chuo Kikuu cha Harvard waliijenga molekuli nzima maabara, wakitegemea sana mbinu ya kuunganisha kaboni na kaboni kwa msaada wa nikeli na kromi.

Jambo ninalolistaajabia kuliko ushindi wenyewe lilifuata. Ukijenga molekuli kipande kwa kipande, unabaki na vipande mkononi, na vipande vinaweza kupimwa. Ikaonekana kwamba nusu ya kulia, ile yenye pete kubwa, inaua seli za saratani peke yake. Nusu nyingine ingeweza kuachwa. Sponji asingetufundisha hilo hata tungemsaga mpaka akaisha baharini, kwa kuwa yeye anatupa molekuli nzima tu.

Kampuni ya Kijapani ya Eisai ilitengeneza matoleo mengi ya nusu hiyo hadi ikapata eribulini. Ina mikao 19 badala ya 32, na bado huhitaji zaidi ya hatua 60 za kikemia, jambo linaloifanya kuwa miongoni mwa dawa ngumu zaidi kutengenezwa viwandani bila msaada wa kiumbe hai. Kwa hiyo msemo wa magazeti, "dawa kutoka baharini", unanikera kidogo. Kilichotoka baharini ni umbo. Dawa inatoka kiwandani.

Inafanyaje kazi? Seli inapogawanyika huvuta kromosomu zake kwa nyuzi ziitwazo mikrotubuli, ambazo hurefuka kama ukuta unaoongezewa tofali moja moja, tofali zikiwa protini ya tubulini. Eribulini hukaa kwenye ncha inayokua na kuzuia tofali linalofuata. Kufupika kwa uzi kunaendelea, kurefuka kunakoma. Seli hushindwa kugawanyika, na ikikwama muda mrefu hufa.

Marekani iliidhinisha dawa hii Novemba 2010 kwa saratani ya matiti iliyosambaa na kushinda tiba nyingine. Katika jaribio la wanawake 762, nusu ya waliopewa eribulini waliishi zaidi ya miezi 13.1; kwa waliopewa tiba nyingine zilizochaguliwa na madaktari wao, kipimo hicho kilikuwa miezi 10.6. Tofauti ni miezi miwili na nusu, na sitaipamba. Mwaka 2016 iliidhinishwa pia kwa liposakoma, saratani ya tishu za mafuta, ambako tofauti ilizidi miezi saba. Gharama yake mwilini ni chembe nyeupe za damu kupungua, na ganzi ya vidole vya mikono na miguu, kwa kuwa neva zetu nazo zinategemea mikrotubuli. Kwa hiyo kabla ya kila dozi, ambayo kwa kawaida haifiki miligramu tatu, mgonjwa hupimwa kwanza damu na kuulizwa hali ya vidole vyake.