Hukumu Isiyotekelezwa: Wajibu wa Parke na Polisi katika Haut-Katanga



Maana ya hukumu, rufaa na maneno ya utekelezaji tunaijua sote, watu wa sheria; sitakawia hapo. Sheria yetu ya jinai humwadhibu anayemtukana hakimu au anayempiga wisiye, ofisa wa kutekeleza hukumu, akiwa kazini. Mtu aliyeshindwa kesi, akabaki tu ndani ya parsele ya mwenzake bila fujo, haimwadhibu kwa kukaidi hukumu.

Ugonjwa wetu unaanzia hapo. Mteja ameshinda, ana nakala ya hukumu yenye maneno ya utekelezaji, yaani amri ya kuitekeleza. Wisiye anaipeleka kwenye komine ya Katuba au Ruashi, anarudi nayo. Polisi wanamwambia alete kwanza barua ya parke, yaani ofisi ya waendesha mashtaka. Parke inasema faili bado inachunguzwa. Kisha mkubwa fulani anaandika kwamba utekelezaji usimame kwanza, na faili inalala. Mjane aliyeshinda anaendelea kulipa kodi ya nyumba ya kupanga.

Nimelisema jambo hili kwa miaka mingi: barua ya parke haihitajiki. Sheria ya OHADA, muungano wa nchi za Afrika wa sheria za biashara, kuhusu utekelezaji inatufunga tangu Septemba 2012. Kifungu chake cha 29 kinasema maneno ya utekelezaji yenyewe ni amri ya moja kwa moja kwa askari wa Serikali, na Serikali ikikataa kusaidia, inawajibika. Kifungu cha 151 cha Katiba ya 2006 kinaikataza serikali kupinga utekelezaji wa uamuzi wa korti. Tunaelewa kwamba parke ina kazi ya kulinda utulivu wa mji. Lakini kulinda utulivu hakuipi ruhusa ya kuhukumu kesi mara ya pili.

Serikali yenyewe ikishindwa kesi, mlango unafungwa zaidi, maana kifungu cha 30 cha sheria hiyo ya OHADA kinazuia kukamata mali yake. Familia za Kilwa zinajua: kwa mauaji ya Oktoba 2004, Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu iliitaka Serikali izilipe dola milioni 2.5, na miaka baadaye zilikuwa bado zinadai.

Kwingine korti ina meno: Nairobi, Septemba 2024, Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu kaimu mkuu wa polisi wa Kenya, Gilbert Masengeli, kifungo cha miezi 6 kwa kupuuza wito wa korti. Siku chache baadaye Masengeli alifika mbele ya jaji, na adhabu ikaondolewa. Sisi hatuna chombo hicho cha kumwadhibu anayepuuza korti, na ninakitamani.

Napendekeza, kwanza, polisi waache kudai barua ya parke. Pili, parke isisimamishe hukumu kwa barua. Anayepinga aende kortini. Tatu, ofisa anayekataa kusaidia aandike sababu na kutia sahihi yake, ili kifungu cha 29 kipate mtu wa kuulizwa. Nne, bajeti ya Serikali iwe na fungu la kulipa hukumu. Tano, Bunge liweke adhabu kwa anayekaidi hukumu ya mwisho, awe raia au ofisa. Sita, polisi wafundishwe kifungu cha 29, komine kwa komine, kuanzia Katuba.