Fungu la Filamu Kwenye Bajeti ya Bwawa
(Hotuba ya kamati ya fedha kwenye chakula cha jioni cha mchango, Nairobi)



Tumepewa dakika tano kueleza fungu jipya mnaloliona kwenye bajeti ya bwawa la mchanga: "Filamu". Wengi mmetuuliza, wengine kwa simu za usiku, kwa nini pesa za maji ziende kwa kamera. Ni kwa sababu wafadhili wa siku hizi wanataka kuona kabla ya kutoa. Wanataka kumwona mama wa kwetu akifukua mchanga wa mto mkavu mpaka maji yachuruzike.

Hatukatai aonekane. Kisilu Musya, mkulima wa Mutomo hapo Kitui, alionekana na dunia nzima. Julia Dahr, mtengenezaji filamu kutoka Norwe, alimpa kamera, naye kwa miaka kadhaa akajirekodi mwenyewe: ukame, mafuriko, shamba, familia yake. Mwaka 2015 alifika Paris kwenye mkutano wa tabianchi, na filamu, Thank You for the Rain, ikatoka 2017. Anayeitazama haoni maskini fulani wa Afrika. Anamwona Kisilu, mtu mwenye mipango yake, anayewahimiza majirani wapande miti.

Video tulizoletewa na wapiga picha tuliowauliza bei zilikuwa kitu kingine kabisa. Mama hana jina, hasemi neno, muziki wa huzuni ndio unaomsemea. Mmoja wao alitushauri tuwaambie akina mama wasivae nguo za kanisani siku hiyo. Tulimshukuru, tukamrudishia karatasi yake ya bei.

Kwa hiyo fungu hili si la kamera peke yake. Atakayerekodiwa atalipwa kibarua cha siku, kwa sababu siku hiyo hatakwenda shambani. Wapo wanakamati waliosema hiyo ni kununua maneno. Sisi tunasema tunalipia muda. Maneno ni yake, na akiamua kusema kwamba hata chama hiki kimechelewa kuleta maji, hatutakata. Kisha kuna kukodi jenereta na projekta, ili filamu ionyeshwe kwanza uwanja wa shule, kwa Kikamba, kabla mfadhili yeyote hajaiona. Atakayesema "nitoeni" atatolewa, hata kama sehemu yake ndiyo ingetuletea hundi kubwa. Tunajua gharama ya sharti hilo, kazi yetu ni hesabu.

Msichana wa darasa la saba atakayeonekana amebeba mtungi leo atatafuta kazi mjini kesho, na picha hiyo itakuwa bado kwenye simu za watu.

Fomu za ahadi ziko kwa mweka hazina, meza ya mlangoni. Andikeni wazi kama mchango wenu ni wa filamu au wa bwawa. Ya filamu yakibaki yataingia kwenye saruji, na risiti mtaziona kwenye mkutano wa mwaka.